Tujenge sayansi ambamo hadithi inatii sheria za fizikia. Naanza na hifadhi ya kiu

#1 – Mleta mada

Wakuu, mada hii ni ya kubuni, ila nataka tuibuni kwa adabu. Tuchukue ulimwengu ambao kila kitu kiko kama kilivyo hapa, isipokuwa jambo moja: kusimulia hadithi ni tukio la kifizikia, sawa na kuinua jiwe au kuchemsha maji. Hadithi ina tungamo, ina kasi, inabeba nishati. Msimulizi akivunja sheria hapati lawama za wahakiki tu, anadhurika mwilini. Kazi yetu ni kuzitafuta hizo sheria.

Sitaki sitiari. Mtu akisema "hadithi hii ina mvuto" bado hajasema kitu. Aseme mvuto unatoka wapi, unapimwaje, na ukiisha unakwenda wapi.

Sheria ya kwanza naiweka mezani. Kipimo chake nakiita kiu. Msikilizaji akishajua mhusika anataka nini na kwamba hicho kitu hana, kiu inaanza kukusanyika. Binti anamtafuta mdogo wake msituni: kiu kidogo. Jua linazama: inapanda. Tumeshaambiwa kuna fisi ambaye hajala tangu juzi, na binti hana habari: inapanda zaidi. Sheria inasema kiu haitoki hewani wala haipotei hewani. Inabadilika tu, ikawa furaha, kilio, kicheko au usiku wa kugaragara kitandani, lakini jumla yake haipungui wala haiongezeki.

Sasa binti amezingirwa, fisi yuko hatua mbili, na msimulizi amekwama. Anasema, "Mara radi ikapiga, fisi akafa." Radi ile imefanya kazi, na kazi inataka nishati. Ndani ya hadithi hakuna mahali ilipowekwa akiba. Basi itavutwa kutoka kilicho karibu, yaani mwili wa msimulizi na hewa ya chumba. Taa zinafifia, watu wanajikunyata kwa baridi. Msimulizi aliyezoea miujiza utamjua kwa vidole vyake vilivyokufa ganzi.

Malalamiko yenyewe ni ya kale. Katika michezo ya kuigiza ya Wagiriki, mungu wa kuja kuokoa mambo aliletwa jukwaani kwa winchi, mtambo halisi wa kunyanyulia. Aristotle, zaidi ya miaka 2,300 iliyopita, aliandika kwamba fundo la hadithi lifunguliwe na matukio ya hadithi yenyewe, si na ule mtambo, na akautaja mchezo wa Medea wa Euripides kuwa mfano wa kosa hilo. Katika ulimwengu wetu huu wa kubuni Aristotle asingekuwa mwanafalsafa, angekuwa mkaguzi wa usalama mahali pa kazi.

Karibuni mnikosoe.

#2

Umeanza vizuri mkuu, ila umeshaingia kwenye sitiari uliyoikataza mwenyewe.

Sheria ya fizikia inajulikana kwa kile inachokikataza. Hifadhi ya nishati inakataza mashine inayozunguka milele bila kulishwa, na watu wameijaribu hiyo mashine kwa karne nyingi bila kufanikiwa. Yako inakataza nini? Kiu ikigeuka furaha umeshinda. Ikigeuka kilio umeshinda. Mtu akikosa usingizi umeshinda pia. Hadithi gani itakukanusha?

#3

Nimepiga kambi hapa. Endeleeni wakuu.

#4 – Mleta mada

#2 umeuliza swali la maana, na jibu lipo. Inakataza mwisho mkubwa kuliko maandalizi yake.

Chukua hadithi moja yenye mwisho unaoliza watu. Mwisho usiuguse hata neno, lakini huku nyuma kata: ondoa mara mbili ambazo mama alikaribia kumpata mtoto akamkosa, ondoa ile barua, ondoa baridi ya usiku. Sheria inatabiri machozi yatapungua kwa kiasi kilekile ulichokata. Yasipopungua, sheria imekufa na mada ifungwe. Hicho ndicho inachokataza: huwezi kununua kilio cha mwisho kwa maneno mazuri ya mwisho peke yake.

Inakataza pia kinyume chake, akiba isiyotumika kupotea kimyakimya. Mwaka 1889 mwandishi wa Kirusi Anton Chekhov alimwandikia mwenzake barua akisema bunduki iliyojazwa risasi isiwekwe jukwaani kama hakuna anayefikiria kuifyatua. Wengi wanaichukulia kama ushauri wa unadhifu tu. Kwetu ni suala la nishati. Bunduki ukutani imeshaingiza kiu kwenye mfumo. Usipoifyatua, kiu ile itaondoka na msikilizaji, aende nayo nyumbani.

Na hata huku kwenye ulimwengu wa kweli kuna kitu kinachofanana na hicho. Mwaka 1927 mwanasaikolojia Bluma Zeigarnik, akiwa Berlin, alichapisha majaribio ambamo watu walikumbuka zaidi kazi walizokatizwa kuliko walizomaliza. Waliorudia majaribio hayo baadaye hawakupata matokeo yaleyale kila mara, kwa hiyo huku kwetu si sheria, ni mwelekeo tu. Katika ulimwengu wa mada hii matokeo yangekuwa yaleyale kila mara, hadi nukta ya mwisho ya desimali. Hadithi za mfululizo zinazokatika penye utamu zingehesabika kuwa vyombo vyenye chaji, na pengine zingehitaji kibali cha kusafirishwa.

#5

Nafundisha fizikia, naomba niingie hapa kwa sababu kuna kitu kimechanganywa.

Mleta mada, kiu yako inaonekana kama kutojua. Sijui kama binti atapona, basi nina kiu. Nikijua, kiu imekwisha. Kama ndivyo, ulichonacho si nishati, ni habari, na habari ina hesabu zake. Mwanahisabati Claude Shannon aliziweka wazi mwaka 1948: ujumbe ambao tayari unaujua kwa hakika haukupi habari yoyote, sifuri kabisa.

Sasa mtoto anataka hadithi ileile kila usiku. Anaijua neno kwa neno, ukiruka sentensi anakusahihisha. Habari mpya ni sifuri, lakini fisi akitokea anajifunika shuka uleule usiku wa kumi kama usiku wa kwanza. Na si watoto tu. Mwaka 2011 watafiti wawili wa Chuo Kikuu cha California, San Diego, waliwapa watu hadithi fupi, baadhi zikiwa zimetanguliwa na maelezo ya jinsi zinavyoisha. Kwa wastani, hadithi zilizofichuliwa zilipendwa zaidi kidogo. Tafiti nyingine zilizofuata zimetoa majibu tofauti, lakini sijaona hata mmoja ulioonyesha kwamba hadithi inayojulikana mwisho inabaki na utamu sifuri.

Kwa hiyo chagua. Ama kiu ni kutojua, na sheria yako inakanushwa na kila mtoto mwenye kitabu cha picha, ama ni kitu kingine ambacho hujakitaja.

#6 – Mleta mada

Ni kitu kingine, mwalimu, na nakushukuru kwa kunilazimisha nikitaje.

Kiu ni kimo. Ni umbali kati ya pale mhusika alipo na pale tunapotaka awe. Ukiniambia mapema kwamba jiwe lililo juu ya genge litaanguka, hujapunguza kimo cha genge wala kasi ya jiwe likifika chini. Mtoto anajua binti atapona, lakini kila usiku msimulizi anampandisha tena binti kule juu, hatua kwa hatua, na kila usiku kazi ya kumpandisha inafanyika upya. Ndiyo maana mtoto hakubali uruke sentensi, maana kila sentensi uliyoiruka ni kimo ulichokipunguza.

Kutojua kupo, nakubali, lakini kazi yake ni nyingine. Kunazuia msikilizaji asijishikilie kabla ya wakati. Wapo wanaofurahia kuanguka wakiwa wanaona chini, wapo wanaotaka wafumbwe macho. Kimo hakibadiliki.

Na kuhusu kiu kugeuka furaha, sikukibuni chote. Mtafiti Dolf Zillmann, kuanzia mwaka 1971, alieleza jinsi msisimko wa mwili uliobaki kutokana na tukio moja unavyoongezea nguvu hisia inayofuata, hata kama hisia hiyo ni ya aina tofauti kabisa. Moyo uliodunda kwa hofu haujatulia bado, habari njema inaukuta unadunda, na furaha inachukua mdundo uleule. Hofu imelipa gharama ya furaha. Tofauti ni kwamba Zillmann alikuwa anazungumzia mwili wa msikilizaji, mimi nataka tuseme hata hadithi yenyewe ina mwili.

#7

Naona mnashughulika na sheria ya kwanza tu, na ya pili, ile ya fizikia ya joto, ndiyo yenye mambo. Mimi nakusanya ngano, basi niivute mada upande wangu.

Entropia. Mwanafizikia Rudolf Clausius alilitoa jina hilo mwaka 1865, na maana yake kwa haraka ni kwamba mfumo ukiachwa peke yake unaelekea kwenye mchafuko, haurudi kwenye mpangilio. Hadithi inayopita mdomo kwa mdomo ingepaswa kuchakaa vivyo hivyo. Na inachakaa kweli. Mwanasaikolojia Frederic Bartlett wa Cambridge alichapisha mwaka 1932 majaribio ambamo Waingereza walisoma ngano ya wenyeji wa asili wa Amerika ya Kaskazini, kisha wakaisimulia tena baada ya muda. Mitumbwi ikageuka mashua. Kuwinda sili kukawa kuvua samaki. Mambo ya mizimu ambayo hawakuyaelewa yakafifia au yakadondoka kabisa. Hadithi ikawa fupi, nyepesi, na imefanana na wao.

Sasa kitendawili. Kama uchakavu ndio sheria, kwa nini kuna ngano zilizodumu? Mwaka 2016 watafiti wawili walichukua mbinu ambazo wanabiolojia huzitumia kuchora nasaba za viumbe, wakazitumia kwa ngano za jamii zinazozungumza lugha za ukoo wa Kihindi-Kiulaya. Ngano ya mhunzi na shetani waliikadiria kuwa na miaka kama 6,000. Ni makadirio, watu wamebishana nayo, lakini hata ukiyagawa kwa mbili bado ni muda ambao lugha zenyewe zimekufa na kuzaliwa nyingine.

Jibu langu: fuwele za chumvi. Maji ya chumvi yakikauka polepole, chembe zinajipanga zenyewe kuwa fuwele, kwa sababu mkao ule ndio wenye nishati ndogo na kuuvunja kunataka kazi. Ngano inayosimuliwa mara elfu inapoteza kila kilichokuwa juujuu: rangi ya nguo, jina la mto, tabia ya jirani. Kinachobaki ni mkao usiopungua zaidi. Kaka watatu, majaribio matatu, wa mwisho ndiye anayefaulu. Kwa nini watatu? Jaribio moja ni ajali, la pili linaweka mwelekeo, la tatu linaugeuza. Huwezi kutoa hata moja bila umbo lote kuanguka. Hiyo ndiyo fuwele. Ngano za kale si kwamba zilikwepa sheria ya pili. Ni yale masalia ambayo sheria ya pili imeshindwa kuyatafuna.

#8

#7 hapo umenigusa. Ila swali dogo: mbona msimulizi anasema "miaka saba ikapita" na haimgharimu chochote? Maneno matatu, miaka saba. Katika fizikia gani hiyo?

#9 – Mleta mada

Hili ndilo nililokuwa nalisubiri.

Newton, mwaka 1687, sheria ya kwanza ya mwendo: kitu kinachokwenda kitaendelea kwenda kwa kasi ileile na mwelekeo uleule, ilimradi hakuna kani inayokisukuma. Kukifuatilia kitu hicho hakuhitaji kazi yoyote. Ukijua kasi yake leo, unajua kitakuwa wapi baada ya miaka saba. "Miaka saba ikapita" ni bure kwa sababu hiyo tu. Msimulizi anaapa kwamba ndani ya miaka ile hakuna kani iliyofanya kazi.

Kwa hiyo jaribio ni rahisi. Baada ya kuruka, mtazame mhusika. Kama alikuwa bahili akielekea kwenye utajiri, na sasa ni bahili tajiri, hesabu imefunga. Kama alikuwa bahili na sasa anagawa mali kwa maskini, msikilizaji ataanza kunung'unika hata kama hajui fizikia, kwa sababu anauliza: nani alimsukuma? Mwelekeo umebadilika na kani haikuonyeshwa. Msimulizi ana deni, na atalilipa kwa kurudi nyuma kutusimulia kilichotokea mwaka wa nne. Masimulizi ya kurudi nyuma ndiyo kazi yake hiyo: kulipa kani iliyokopwa.

Kisha kuna tungamo. Mhusika anapata uzito kwa kila kitu tunachokijua kumhusu: aliyemsaliti, aliyemzika, ahadi aliyoivunja. Mpita njia wa kwenye hadithi hana uzito wowote, anaweza kubadili dini, jina na upande wa vita ndani ya sentensi moja na hakuna anayeshtuka. Lakini adui ambaye tumekaa naye sura ishirini ni mlima. Ukitaka atubu, leta kani ya kusogeza mlima. Akitubu kwa sababu mtoto mmoja amemtabasamia, aidha tabasamu lile lina kani isiyo na kipimo, aidha adui hakuwa na uzito na sura ishirini zilikuwa maboga matupu.

Nadhani hapa ndipo wasimulizi wengi wanapokwama, kuliko hata kwenye miujiza. Wanataka mhusika awe mzito ili tumheshimu, na awe mwepesi ili wamsogeze wanavyotaka. Tungamo haligawanyiki hivyo.

#10

Napinga kidogo mkuu. Watu hubadilika ghafla. Mlevi wa miaka thelathini anaamka siku moja anaacha. Tumewaona.

#11

Naomba nimjibu #10 kwa niaba ya mleta mada. Mabadiliko ya mwendo ni kani mara muda. Ukisukuma polepole kwa muda mrefu utapata matokeo sawa na ukigonga kwa nguvu kubwa mara moja. Mlevi wako ama aligongwa na kitu kizito siku ile, ama alisukumwa kidogokidogo kwa miaka na wewe ulikuwa huoni. Msimulizi anaruhusiwa njia zote mbili. Asichoruhusiwa ni msukumo mdogo kwa muda mfupi.

Sheria ya tatu ya Newton naipita haraka: kila kani ina kani kinzani. Msimulizi akimsukuma msikilizaji, msikilizaji anamsukuma yeye. Yeyote aliyewahi kusimulia mbele ya watu waliochoka ameisikia mgongoni.

#12

#11 usiipite haraka hiyo, ina utamu wake. Mwaka 2010 watafiti wa Princeton walimrekodi mtu akisimulia kisa chake huku ubongo wake ukipigwa picha kwa mashine, kisha wakawapiga picha waliosikiliza rekodi ile. Shughuli ya ubongo wa wasikilizaji ilifuata ya msimulizi, ikichelewa kidogo. Lakini katika baadhi ya sehemu za ubongo msikilizaji alitangulia, alifika kabla ya msimulizi, na waliotangulia zaidi ndio walioelewa zaidi. Hadithi iliposimuliwa kwa lugha wasiyoijua, ulinganifu ukatoweka.

Kwa hiyo hata huku kwetu msikilizaji si ndoo ya kumwagiwa. Naye anafanya kazi, tena anatangulia.

#13 – yuleyule #2

Basi #12 amenipa nilichokuwa nakitafuta. Kama msikilizaji anafanya kazi, yumo ndani ya mfumo. Na kama yumo, hifadhi ya kiu haiwezi kuhesabiwa kwa hadithi peke yake. Simulia hadithi bora kuliko zote kwenye chumba kitupu. Kimo kipo? Kiko juu ya nini? Hakuna anayetaka binti apone.

Mleta mada aliandika "pale tunapotaka awe". Huyo "sisi" ameingia kinyemela na nishati yake mfukoni.

#14 – Mleta mada

Msimulizi mwenyewe yumo chumbani, #13. Chumba hakikuwa kitupu. Na kitabu kilichofungwa rafuni kina kimo vilevile jiwe la juu ya genge lina kimo hata kama hakuna mtu bondeni.

#15 – yuleyule #2

Jiwe lina kimo kwa sababu dunia ipo chini yake inalivuta. Kitabu chako rafuni kinavutwa na nani? Hapa hatutakubaliana, tusonge mbele.

#16 – mwalimu wa #5

Wakati mnabishana, mimi nimekaa nahesabu jambo moja ambalo hakuna aliyeligusa: ule mwisho wa "kumbe yote ilikuwa ndoto".

Kwa sheria ya kwanza ya mada hii, ile ya hifadhi ya kiu, mwisho huu ni wa ajabu. Haumshushi mhusika kutoka kwenye genge, unasema genge halikuwepo. Lakini kiu imeshakusanywa, msikilizaji amelipa. Itakwenda wapi?

Jibu liko kwenye fizikia ya kompyuta. Mwaka 1961 Rolf Landauer wa kampuni ya kompyuta ya IBM alionyesha kwamba kufuta habari kuna gharama isiyokwepeka. Kila biti moja, yaani kipande kidogo kabisa cha habari (ndiyo au hapana), inayofutwa lazima itoe joto, na kwa halijoto ya kawaida ya chumba kiwango cha chini kabisa ni takriban jouli (kipimo cha nishati) 3 × 10⁻²¹. Kiasi hicho ni kidogo mno, lakini si sifuri, na mwaka 2012 kilithibitishwa kwa punje ndogo iliyonaswa kwa leza. Angalieni sasa: kuhifadhi hakugharimu lazima, kunakili hakugharimu lazima. Kufuta ndiko kunakotoa joto.

Msimulizi anayesema "ilikuwa ndoto" anamwamuru kila msikilizaji afute. Yule fisi, futa. Barua, futa. Kifo cha kaka uliyemlilia sura ya saba, futa. Kadiri hadithi ilivyokuwa na mambo mengi ndivyo joto linavyoongezeka, na katika ulimwengu wa mada hii, ambako thamani hiyo bila shaka ni kubwa kuliko ya kwetu, watu wangetoka wametokwa jasho. Hasira ambayo sote tunaijua baada ya mwisho wa namna ile ingekuwa na kipimo cha jouli.

Ila kuna njia ya kupona. Mhusika aamke, ajue ilikuwa ndoto, kisha akute mkononi mwake mkwaruzo wa kucha za fisi. Mkwaruzo mmoja tu. Msikilizaji hawezi kufuta tena, kwa sababu hajui kipi kilikuwa kweli, na asipofuta hakuna joto. Kiu yote inahamia kwenye ule mkwaruzo.

#17 – yuleyule #2

Mwalimu, hili linapimika, na ndilo la kwanza kwenye mada nzima ninaloweza kulishika. Hadithi moja, makundi mawili, vyumba viwili vilivyofungwa vyenye kipimajoto. Kundi moja lipewe ndoto tupu, jingine ndoto yenye mkwaruzo. Msimulizi awe yuleyule, ila asijue ni mwisho gani anaokwenda kuusoma mpaka afungue bahasha kwenye ukurasa wa mwisho, asije akapunguza kimo njiani.

Swali langu moja kabla ya kukubali: kundi la pili likitoka bila joto, tutajuaje kwamba hawakufuta, na si kwamba hawakuwa wanasikiliza?